Bahasha Tatu Ambazo Hatukuzigusa

Kwa miaka mingi niliamini, kwa moyo wote na bila chembe ya aibu, kwamba barua ya adhabu haiwezi kumpata mtu ambaye ngozi yake haijaigusa.

Elimu hiyo niliipata katika shule ya jioni hapa Kolwezi, ila si kwa mwalimu. Niliipata kwenye benchi la nyuma, kwa mwenzangu mmoja fundi wa magari ambaye alikuwa na habari za kila mtu aliyewahi kukanyaga mji huu. Alitusimulia juu ya karani mmoja wa enzi za kampuni kubwa ya migodi. Karani huyo alisikia kwamba barua ya kumfukuza kazi imeshachapwa na iko njiani. Akanunua glavu nyeupe, akazivaa, na hakuzivua tena kwa miaka kumi na moja. Alikula bukari, ule ugali wetu, akiwa na glavu. Alimsalimia baba askofu na glavu. Barua ikamfuata biro hadi biro, ofisi zote za kampuni: wakaiweka mezani, wakaitia ndani ya kofia yake, wakaificha chini ya sahani ya maharage, naye kila mara aliisukuma kando kwa rula. Mwishowe barua yenyewe ikachoka. Wino ukafifia, wakubwa walioitia saini wakahamishwa, na karani akaenda pensheni salama, akapewa saa ya mkononi ambayo walimfungia juu ya glavu.

Nakiri kwamba ile saa niliiongeza mimi. Na miaka, fundi alisema saba. Lakini mambo mengine yote niliyapokea jinsi nilivyopewa, nikayatunza kama mtu anavyotunza cheti cha ubatizo.

Mtu anisikilize vizuri: sikuwa mjinga. Nilikuwa na diplome ya serikali, ile ya kumaliza sekondari, niliyoipata nikiwa na miaka thelathini na minne, baada ya jioni elfu tano za kusoma kwa macho mekundu. Miongoni mwa masomo yetu kulikuwa na kozi moja ya sheria, saa moja kwa juma, na mwalimu alikuwa anakuja mara moja kwa mwezi. Kwa ile mara moja nilitoka nimejaa. Nilianza kusoma mpaka maandishi madogo ya kwenye mifuko ya saruji. Majirani wakaniita Avoka, yaani wakili. Walikuwa wananicheka, najua sasa. Wakati ule nilikuwa naitika.

Kazi yangu ni kutunza bohari ya kampuni ndogo inayowauzia vifaa wale wanaofanya kazi huko Mashamba, kwenye mashimo ya shaba: viatu vya chuma, kofia, miwani na glavu. Glavu nilikuwa nazo katoni kwa katoni. Pengine ndiyo maana ile hadithi ilinikaa hivyo.

Mudogo wangu wa kike alikuja kwangu kutoka Kasaji. Baba yetu alifanya kazi ya reli, sasa analima mihogo. Alimleta mwenyewe, na gunia la mahindi begani, na hakutaka hata kuketi. Alisimama mlangoni akaniambia, "Minakuletea mutoto. We ndiye mwenye kusoma ku nyumba yetu. Utanirudishia enjinia." Nikamjibu kwamba si enjinia mmoja, nitamrudishia wawili. Ndivyo ninavyosema mambo. Baba hakucheka.

Mudogo wangu alikuwa wa kupendeza kuishi naye, na mwenye bidii kuliko mimi, jambo ambalo nililisema kwa watu wote isipokuwa yeye. Aliingia chuo kimoja hapa mjini, akasoma kuyeyusha na kupima madini. Alitaka kazi ya laboratuari, ile ya koti jeupe. Mwandiko wake ulikuwa mzuri ajabu. Ungeweza kuusoma ukiwa upande wa pili wa barabara, kuna vumbi, na umefumba jicho moja.

Mwandiko huo ndio ulioanza kumponza. Mwaka wake wa pili, wanafunzi walikuwa wamengoja kazi za laboratuari tangu mwanzo wa mwaka, na laboratuari ilikuwa haina hata chupa ya asidi. Wakaamua kuandika malalamiko. Nani ataandika? Yule mwenye mwandiko. Akaandika, na kwa kuwa ndiye aliyekuwa na kalamu mkononi, akaanza na jina lake. Majina mengine mengi yakafuata chini. Karatasi ikapelekwa kwa heshima zote, haikujibiwa. Siku chache baadaye, asubuhi kama saa nne, kundi likaenda mbele ya biro za chuo kupiga kelele. Kioo kikavunjika, na karani mmoja akapasuliwa paji la uso na kipande chake. Wakubwa wakauliza ni nani kiongozi, na mtu akatoa karatasi ile. Jina la kwanza lilikuwa lake.

Naye hakuwepo. Asubuhi ile mke wangu alishikwa na uchungu kabla jua halijapanda, mimi nikiwa tayari kazini. Mudogo wangu ndiye aliyempeleka materniti. Alibeba beseni, sabuni na vitenge, akaandika jina lake katika kaye, yaani daftari, ya wasindikizaji, saa aliyoingia na saa aliyotoka, kwa mwandiko wake ule ule. Alitoka saa saba mchana, baada ya binti yangu kuzaliwa. Kioo kinavunjika, yeye alikuwa anamshika mke wangu mgongo. Kama ningetaka ushahidi mzuri kuliko huo, ingebidi niuagize kiwandani.

Juma lililofuata maneno yakazagaa kwamba barua za kufukuzwa zimeshachapwa na zitapelekwa nyumba kwa nyumba. Niliposikia "barua" na "kufukuzwa" katika sentensi moja, nilisimama kama askari. Hii ilikuwa siku yangu. Nilimketisha mudogo wangu nikamsimulia habari za karani wa glavu, mwanzo mpaka mwisho, pamoja na ile saa.

Akanisikiliza. Kisha akauliza, akiniita jina letu la kaka mkubwa, "Yaya, uyu mutu ulimuona na macho yako?"

"Hata Adamu sikumuona," nikasema.

Mpeleka barua wa chuo alikuwa mzee mwembamba, mwenye koti la kaki lililofuliwa mpaka likakata tamaa, na baiskeli. Chini ya kwapa alibeba ile kaye ya transmisyo ambayo kila biro hapa kwetu inayo: barua inaandikwa humo, na anayeipokea anatia saini kwenye mstari wake. Alisimama kwenye lango letu, akaondoa kofia, akaniita tata, yaani baba, kwa heshima.

"Jambo, tata. Iko barua ya mutoto wa kike."

"Barua ya nini?"

"Mi sifungue barua za batu, tata. Mi nabeba tu. Asaini hapa, nitaenda."

Mudogo wangu alikuwa uani, anaosha nepi za mtoto. Alinyanyuka akapangusa mikono kwenye kitenge, akaanza kuja. Nikamrudisha kwa mkono, kama ninavyofukuza kuku.

"Hatupokee," nikamwambia mzee.

"Tata, kusaini haiko mubaya. Ni kusema tu imefika."

"Ndivyo banasemaka," nikamjibu, na nikamkonyeza kwa jicho la mtu aliyesoma sheria.

Mzee aliandika kitu ndani ya kaye yake, akapanda baiskeli, akaenda. Mke wangu, aliyekuwa ameketi mlangoni na mtoto kifuani, akasema, "Avoka wa nyumba, basi na kesho ukatae kupokea faktire ya umeme." Nikacheka sana. Nilikuwa na furaha. Nataka niseme ukweli huo, maana ndio unaoniuma kuliko yote: siku zile nilikuwa na furaha.

Mara ya pili alikuja baada ya siku nne. Mudogo wangu alimfikia wa kwanza, akawa ameshashika kalamu aliyopewa. Nilitoka chumbani na kandambili moja mguuni.

"Yaya, niache nisaini. Tufungue tu, tuone mwenye kuwa mule ndani. Kama ni mubaya, tutajua ni mubaya namna gani."

"Ukigusa, umekwisha!"

"Nitakwisha namna gani na karatasi?"

"Weka kalamu chini."

Aliniangalia. Alikuwa na miaka ishirini na moja, na kwa sheria zote za nchi hii alikuwa mtu mzima wa kutia saini anachotaka. Lakini nyumbani kwetu yaya akisema, mudogo anasikia. Ndivyo baba alivyotulea, na ndivyo alivyomkabidhi kwangu pale mlangoni na lile gunia. Akaweka kalamu chini. Ningekuwa na uwezo wa kurudi mahali pamoja tu katika maisha yangu, nisingerudi kwenye harusi yangu wala kwenye siku ya diplome. Ningerudi pale langoni, nirudi chumbani na kandambili yangu moja, ninyamaze.

Mara ya tatu nilikuwa nimejiandaa. Nilikuwa nimeleta kutoka kazini glavu mpya, zile nene za rangi ya chungwa wanazovaa wanaoshika asidi, zinazofika kwenye kiwiko. Mzee aliponiona nimetoka nazo aliziangalia mpaka kwenye kiwiko.

"Tata," akasema, "hii ni ya mwisho. Hawatanituma tena."

Nikaisukuma ile bahasha kwa kidole kimoja cha mpira mpaka ikarudi kifuani kwake. Watoto wa jirani wakapiga makofi. Niliinama kuwashukuru.

Baada ya majuma mawili, uamuzi ulibandikwa kwenye ubao wa matangazo wa chuo: mudogo wangu alisimamishwa masomo kwa miaka miwili. Haikuandikwa sababu, jina na adhabu tu, na muhuri. Wengine watatu walioshitakiwa pamoja naye walipewa onyo wakarudi darasani. Alinieleza hayo jioni, amesimama, bado na begi begani. Nilimwambia asihofu, maana uamuzi haujaguswa na mkono wake, kwa hiyo unaelea tu hewani. Akasema, "Yaya, wanafunzi wote wameusoma," akaingia chumbani.

Hapo ndipo nilipoanza vita yangu. Niliandika rufaa kwa mkuu wa chuo. Niliiandika mwenyewe, nikakataa mwandiko wake mzuri kwa kuwa niliona mwandiko huo umeshaleta taabu ya kutosha. Kurasa kumi na moja. Nilianza na haki ya binadamu tangu alipoumbwa, nikapitia uhuru wa nchi, nikagusa kidogo ujenzi wa reli. Habari za materniti, ambazo zingetosha kuandikwa kwenye kiganja, ziliingia ukurasa wa tisa, kati ya maneno mawili ya Kilatini ambayo sijui maana yake hata leo. Jibu lilirudi mistari miwili: uamuzi umechukuliwa kwa kufuata utaratibu, unabaki.

Barua hiyo ya jibu niliipokea. Nilitia saini kwa mbwembwe. Sikuona kwamba ninajipinga mwenyewe.

Mudogo wangu ndiye aliyetafuta msaada wa kweli. Alisikia kwamba mawakili wa hapa wana siku yao ya kuwasikiliza wasio na uwezo, bila malipo. Tukaenda pamoja, yaani alikwenda, mimi nikamfuata. Wakili tuliyempata alikuwa mama kijana, sauti ndogo, na meza yake ilikuwa na mguu mmoja uliotegeshewa tofali. Alisoma kurasa zangu kumi na moja. Alipofika ukurasa wa tisa akainua macho.

"Tata, hii ya materniti ni ya kweli?"

"Kweli tupu, Maître."

"Na uliificha huku?"

Kisha akauliza swali ambalo, alituambia, ndilo lenye uzito kuliko mengine yote. Chuo hakiwezi kumwadhibu mwanafunzi bila kwanza kumwita aje ajieleze mbele ya baraza la nidhamu. Je, mudogo wangu aliitwa?

"Hatukupokea hata barua moja," nikasema haraka.

Nilijisikia nimesema kweli safi kama maji ya chupa. Hatukupokea. Mudogo wangu akafungua mdomo, "Maître, iko kintu moja..." nami nikamkanyaga mguu chini ya meza. Nilidhani anataka kuharibu. Wakili alikuwa anaandika, hakuona. Mudogo wangu akavuta mguu wake, akaangalia lile tofali mpaka tulipoaga.

Basi wakili akajenga kesi yote juu ya jibu langu. Ukurasa mmoja tu aliandika, na ulikuwa mkali kuliko zangu kumi na moja: mwanafunzi alihukumiwa bila kusikilizwa. Akaambatanisha nakala ya kaye ya materniti. Kwanza akapeleka kwa mkuu wa chuo, kama sheria inavyotaka, tukangoja, hakujibu. Ndipo akapeleka kortini. Tuliingoja siku hiyo miezi. Mudogo wangu alikuwa anamlea binti yangu mchana, na binti yangu alijifunza kuketi, kutambaa na kusimama mikononi mwa mtu ambaye alipaswa kuwa darasani. Mimi nilizunguka mtaani nikitangaza ushindi. Nilishamwandikia baba kwamba chuo kimetetemeka.

Siku ya kesi nilivaa suti ya harusi yangu. Wakili wetu alisema maneno yake kwa ile sauti ndogo, na niliona majaji wanatikisa kichwa kwa kukubali, naapa, hata yule aliyekuwa anasinzia. Kisha wakili wa chuo akasimama. Hakuwa na hotuba. Alifungua mkoba akatoa kaye, na niliitambua kabla hajaifungua: jalada lake la bluu, pembe moja imeliwa na mvua.

Akasoma. Barua ya kwanza, na tarehe yake: kaka amekataa kupokea. Barua ya pili: mwanafunzi alitaka kusaini, kaka amemukataza. Barua ya tatu: kaka amekataa tena, amevaa glavu.

Watu wakacheka korti nzima. Hakimu aligonga meza, lakini naye alikuwa ameinamisha uso.

Kisha wakasoma nakala za barua zenyewe. Hazikuwa za kumfukuza. Zote tatu zilikuwa za kumwita. Unaalikwa kufika mbele ya baraza, zilisema, kutoa maelezo yako, na kuleta shahidi au karatasi yoyote unayoona inaweza kukusaidia. Ya pili ilisema tarehe imesogezwa ili kumpa nafasi. Ya tatu ilisema imesogezwa kwa mara ya mwisho.

Karatasi yoyote inayoweza kukusaidia. Karatasi hiyo ilikuwa inakaa kwenye rafu ya materniti, mwendo wa robo saa kutoka lango letu.

Hakimu akamgeukia mudogo wangu. "Mademoiselle, ulijua kwamba mjumbe wa chuo anakuja kwenu na barua?"

Angeweza kunyoosha kidole. Nilikuwa nyuma yake, hatua tatu, katika suti yangu.

"Nilijua, Mheshimiwa," akasema. "Tulikataa."

Alisema tulikataa. Hakugeuka kuniangalia.

Hukumu ilipotoka, ilikuwa fupi. Mwanafunzi aliitwa mara tatu kwa njia halali, akaacha kufika; hawezi sasa kulalamika kwamba hakusikilizwa. Na habari za materniti zilikuwa za kupelekwa mbele ya baraza, wakati wake.

Nje, kwenye ngazi, wakili alifunga faili lake kwa kamba. Nilitaka anitukane. Hakunitukana. Alisema, "Tata, kama mungeniambia ile siku ya kwanza, nisingelikwenda kortini. Ningelikwenda na mutoto kwa mukuu wa chuo, tungeomba radhi, tungemuonyesha kaye ya materniti, tungemuomba aite tena baraza. Wale wengine watatu bote balisikilizwa, wakasamehewa. Sasa tumemwita mukuu mwongo mbele ya majaji, na iko wazi mwongo si yeye." Akampa mudogo wangu mkono. Mimi alinipa pia, lakini mwepesi.

Njia nzima ya kurudi nilitafuta mzaha wa kusema. Mimi, ambaye kwenye mazishi ya babu nilichekesha mpaka wachimba kaburi, sikupata hata mmoja. Mwishowe nilisema, "Mudogo, miaka miwili si mingi."

"Yaya," akasema, "mi nilijua kusoma. Ungeliniacha tu nisome ile barua."

Alirudi Kasaji. Wakati wa kuagana alimbeba binti yangu kwa muda mrefu, akanipa mimi begi nilishike, kama mtu anavyompa mchukuzi. Baba alimpokea kwenye stesheni na baiskeli. Nimeambiwa hakuuliza habari za enjinia, wala za wale wawili niliowaahidi. Alilifunga begi nyuma ya baiskeli, wakaenda kwa miguu.

Miaka miwili ilipita na hakurudi. Chuo kingempokea, adhabu ilikuwa imekwisha. Lakini wenzake walikuwa wameshamaliza, wengine wanavaa yale makoti meupe, na shule moja ya huko ilikuwa inatafuta mwalimu wa hesabu. Akaniandikia barua. Mwandiko ule ule. Alinisalimia, akauliza meno ya mtoto, kisha akaniomba niende chuoni kumchukulia diplome yake ya serikali, ile ya sekondari iliyobaki kwenye faili tangu siku aliyojiandikisha, kwa sababu shule inataka kuiona. Alikuwa ameambatanisha karatasi ya kunipa ruhusa, na saini. Niliisoma ile barua neno kwa neno, mara nyingi. Siku hizi nasoma kila barua.

Nilikwenda Jumatatu. Walinielekeza mwisho wa ukumbi, kwenye meza ndogo, na nyuma ya meza aliketi yule mzee wa koti la kaki. Wamemwondoa kwenye baiskeli kwa sababu ya magoti, sasa anatoa faili. Alinitambua mara moja. Aliangalia mikono yangu, juu na chini.

"Leo uko na mikono, tata?"

"Niko nayo."

Akaifungua kaye, mpya sasa, jalada jekundu. Akanipa kalamu. Nilitia saini jina langu lote, hata lile la ubatizo, polepole, kama mtu anayefunga ndoa kwa nguvu. Kisha akanipa bahasha. Nikaipokea. Karatasi ilikuwa baridi kidogo, imekaa gizani miaka minne. Hakuna kilichotokea.

Alikuwa anaifunga kaye, kisha akaiacha.

"Tata, mi nataka kukuuliza. Ile wakati, juu ya nini mulikataa? Mutoto alikuwa anataka. Mi nilimuona."

Nikamsimulia. Kwa mara ya kwanza nilimsimulia mtu habari za karani wa glavu bila kuongeza kitu, bila saa, bila askofu, miaka saba kama fundi alivyosema. Nilipomaliza mzee alikuwa ameweka kofia juu ya goti, na hakuwa anacheka.

"Ule tata nilimujua," akasema. "Mbele ya kuya kufanya kazi hapa, mi nilikuwa mupeleka barua kule kule ku kampuni. Ile barua, mi ndiye nilimupelekea. Glavu alikuwa anavaa juu ya bidonda, ngozi ya mikono ilikuwa inapasuka. Alivua glavu, akasaini, akasoma. Kesho yake akaenda kujieleza mbele ya bakubwa, na bakamuacha abaki ku kazi yake mupaka pensheni."